Hakimu hakumfunga mama yake

Juzi nilikua msibani, tumekaa nje kama kawaida, mtu akauliza mbona kifungua mimba wa marehemu haonekani. Kimya. Kila mtu anajua yuko ndani, kabakiza miaka miwili. Mzee mmoja pembeni, mtu anayeheshimika kabisa, akasema bila hata kushusha sauti, "Angemfikiria mama yake kabla hajaenda kuiba." Watu wakaguna kukubali. Mi nikameza kwa sababu msiba si wangu, ila nimerudi nazo nyumbani hizo hasira na leo nazitema.

Hivi nani kawaambia ile ruhusa ya mfungwa kutoka kwenda kumwona ndugu mahututi ni ya mfungwa peke yake? Huyu mama nilimwona wodini. Wiki tatu anauliza kila anayeingia, "Kaja?" Akisikia viatu kwenye korido anageuza shingo, na kugeuza shingo kwenyewe ilikua kazi ya dakika nzima. Binti yake mdogo alipeleka barua ya daktari gerezani siku za mwanzo kabisa, akaambiwa lete yenye mhuri, akaleta yenye mhuri, akaambiwa mkubwa kasafiri, mkubwa akarudi, akaambiwa faili limepelekwa juu. Juu wapi, hakuna aliyesema. Ugonjwa haukusubiri faili lishuke. Sasa niambieni, yule mama aliiba nini? Siku ile hakimu alisoma jina la mtu mmoja tu, na alichomnyang'anya ni uhuru wake, hakusema na mama naye afe anaangalia mlango.

Halafu utasikia eti tunadekeza wafungwa. Zile kanuni za Umoja wa Mataifa zilizopewa jina la Mandela mwaka 2015, ya 70 inasema ndugu wa karibu akiwa mahututi mfungwa apewe taarifa mara moja, na hali ikiruhusu aende kumwona, na askari au peke yake. Mandela mwenyewe mama yake alifariki 1968, akakataliwa kwenda kuzika, mwaka uliofuata mwanae Thembi akafa kwa ajali ya gari, akakataliwa tena. Italia wana ruhusa hii kwenye sheria yao ya magereza tangu 1975. Hata Marekani, ambako kifungo ni kifungo kweli kweli, sheria ya shirikisho inaruhusu mfungwa kutoka mpaka siku 30 kwenda kumwona ndugu anayekaribia kufa. Inaruhusu, sijasema wanapewa.

Sawa, najua kuna mtu tayari ananitajia Willie Horton. Massachusetts, 1986, katoka kwa ruhusa ya wikendi, hakurudi, na mwaka uliofuata akaenda kufanya unyama Maryland. Ilitokea, sibishi, na wale watu waliumizwa vibaya. Lakini yule alikua muuaji wa kifungo cha maisha, kaachiwa peke yake wikendi nzima, na wala hakukua na mgonjwa yeyote kwenye hiyo stori. Mi naongelea masaa manne, askari wawili, pingu kama hamna namna, aingie wodini ashike mkono arudishwe. Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu ilishalisema hili 2002 kwenye kesi ya Poland, jamaa alifiwa na baba na mama ndani ya mwezi mmoja akanyimwa mazishi yote mawili, na majaji wakawaambia kama mliogopa atatoroka si mngempeleka na askari.

Gharama? Mafuta ya gari moja, tuendelee. Barua za daktari za kughushi zipo, ndiyo, ndo maana daktari ana simu.

Wala siombi kila anayeomba akubaliwe. Naomba ajibiwe. Ndani ya siku moja, kwa maandishi, na jina la aliyekataa liwe pale chini pamoja na sababu yake, maana huu mtindo wa faili kwenda "juu" ni njia ya kukataa bila mtu yeyote kuonekana kakataa, mgonjwa anafanya kazi ya kulifunga faili yeye mwenyewe kwa kufa.

Na yule mzee wa msibani nimesikia presha inamsumbua sana siku hizi. Ana vijana wanne. Namtakia wote wabaki nje.