Amritsar Si Mji wa Kuonja na Kukimbia

Ndugu yangu anayekwenda Amritsar, kule Punjab, India, mwezi wa Novemba amenionyesha ratiba aliyopangiwa na wakala wa safari, na tangu niisome sijatulia. Ni siku mbili zenye vituo 14 vya kula, na katikati ya mbio hizo, baina ya lassi (kinywaji cha mtindi) ya saa nne na samaki wa saa saba, limebanwa Hekalu la Dhahabu, patakatifu pa Masingasinga, kwa maelezo haya: "dakika 40, picha na chakula cha bure."

Hicho kinachoitwa chakula cha bure ni langar, desturi ambayo Masingasinga wameishika tangu enzi za Guru Nanak, mwanzilishi wa dini yao, ya kwamba tajiri na fukara, wa tabaka lolote na dini yoyote, waketi chini kwenye mstari mmoja na kula chakula kile kile. Husimuliwa kwamba hata Akbar, mfalme wa Wamoghuli wa India, aliketishwa hivyo kabla ya kuonana na Guru Amar Das, Guru wa tatu wa Masingasinga. Jiko la Amritsar hulisha makumi ya maelfu ya watu kila siku, usiku na mchana, na sehemu kubwa ya kazi hufanywa na watu wanaojitolea. Unavua viatu, unafunika kichwa, unapokea sahani ya chuma na kuketi. Mgawaji wa chapati hakuwekei sahanini. Hungoja uinue viganja viwili vilivyokunjuliwa ndipo aiangushe humo, naye hajali kama wewe ni jaji au mpiga debe. Dengu humiminwa kutoka kwenye ndoo, na mstari wenu ukiinuka, sakafu hupigwa deki kwa ajili ya wanaofuata. Sasa niambieni, mtu anayechungulia saa yake ataondoka hapo na nini zaidi ya shibe?

Sisi Wakenya ndio hasa hatuna kisingizio. Gurdwara ya Makindu, hekalu la Masingasinga, imewalisha wasafiri wa barabara ya Mombasa miaka na miaka, na wengi wetu tumekula pale, tukapangusa midomo na kuondoka bila hata kuuliza jiko lile linaendeshwaje.

Kwa hiyo ningependa aanze na langar usiku ule ule anaoshuka kwenye treni ya Delhi, kisha abaki amenye vitunguu saumu, asukume chapati au aoshe sahani, kwani hakuna anayeombwa cheti. Alfajiri arudi aone Guru Granth Sahib, kitabu kitakatifu cha Masingasinga, ikipelekwa hekaluni kwa machela kutoka Akal Takht, jengo takatifu linalokabiliana na hekalu.

Nakiri, shingo upande, kwamba wakala hakukosea kuhusu kulcha, mkate wa kujazwa wa Amritsar. Unga uliokunjwa kwa samli, ukajazwa viazi, vitunguu na mbegu za giligilani, ukabandikwa kwenye ukuta wa tanuri, kisha muuzaji akaufinyanga kwa mkono pamoja na siagi na kukuwekea dengu na chatini ya ukwaju: hiyo ni sababu tosha ya kukata tiketi. Lakini kulcha moja iliyoliwa kwa utulivu inatosha asubuhi nzima. Kuhusu Jallianwala Bagh, ile bustani ambako watu waliokusanyika bila silaha walimiminiwa risasi tarehe 13 Aprili 1919, na kuta zingali na matundu yake, ratiba imepatengea dakika 10 kati ya jalebi na chai. Hongera kwao.

Nimemwambia afute nusu ya vituo. Samaki wa kukaangwa kwa unga wa dengu abaki. Huyo sina ubavu wa kumfuta.