Weka 'H', si Bure?

Jamani, nani aliwaruhusu Waingereza wawe na sauti za irabu zipatazo 20, wakati sisi tuna tano tu na zinatutosha kupiga umbea kuanzia asubuhi hadi taa zizimwe? Matokeo yake, hapa Dodoma penye zabibu, mtu akitaka bango la Kiingereza la kuuza mvinyo lazima kwanza afanye mtihani.

Nenda steshenari inayochapa mabango, ile ambayo kibao chake kimeandikwa "stationary" badala ya "stationery", yaani duka lisilosogea. Kweli halisogei, tunalikuta palepale. Na wala hawajapotea mbali: zamani huko Ulaya muuza vitabu mwenye duka la kudumu ndiye aliyeitwa stationer, ili asichanganywe na wamachinga.

Kijana wa kompyuta anauliza, "Braza, hii waini tunaiweka na 'h' au bila 'h'?" Mteja anakumbuka kwamba bango linalipiwa kwa ukubwa, si kwa idadi ya herufi. Anajibu kwa ukarimu wote: "Weka, si bure?"

Kwisha habari. Wine ni mvinyo. Whine ni kulialia, ile sauti ya mtoto aliyenyimwa pipi. Sasa bango la mita tatu linatangaza malalamiko ya jumla na rejareja. Na kijana wa watu usimlaumu, maana Waingereza wengi nao wanayatamka maneno hayo mawili sawasawa. Wanaoipuliza hiyo 'h' bado ni Waskoti, Waairishi na wengine wachache.

Hujakaa sawa, mtaa unaongeza lake. Kule Jamaika na Trinidad, "wine" ni kukata viuno, kwa sababu limetokana na wind, kuzungusha. Wewe umeandika "Come and wine with us" ukitarajia wazee wenye makoti waje kuonja mvinyo wa Makutupora. Anakuja mtu na spika mbili na kikundi cha madensa. Vine nalo ni mzabibu wenyewe, ule wa shambani. Ukiurefusha kuwa grapevine, kamusi inakubali bado ni mzabibu, ila mtaani ni habari za kusikia kwa watu.

Linaloudhi zaidi ni seller na cellar. Matamshi mamoja, hayatofautiani hata chembe, lakini la kwanza ni muuzaji na la pili ni ghala la chini ya ardhi, ambalo kwa mvinyo linatakiwa liwe na ubaridi wa nyuzi 12 au 13 hivi. Halafu unakuta "Wine Cellar" juu ya kibanda cha bati, saa nane mchana, chupa zimepigwa jua hadi kizibo kinataka kutoka chenyewe!

Zabibu kavu je? Raisin wao wanaitamka "reizni", reason wanaitamka "riizni". Sisi zote tunazipitisha mlango mmoja, ndiyo maana mtu anaomba nusu kilo ya sababu. Zile ndogo nyeusi ni currant, jina lililotokana na Korintho, mji uleule wa nyaraka za Paulo. Ukiandika current, huo ni mkondo wa umeme. Mpishi wa keki na akae mbali na soketi.

Na msitegemee simu. Mstari mwekundu unatokea pale neno lisipokuwepo kwenye orodha yake, na haya yote yapo. Fungua kamusi, soma maana zote hadi ya mwisho kabisa, maana za mtaani huwa zimejificha chini huko. Ukiona pembeni "informal", "slang" au "Caribbean", tulia kwanza. Kwenye matamshi tafuta alama inayofanana na nukta mbili: hapo irabu inavutwa. Kisha rudisha bango zima kwa Kiswahili, neno kwa neno. Likitoka "muuza malalamiko", futa.

Halafu mwambie kijana atoe nakala kwenye A4, muisome wote wawili kwa sauti, uisaini. Bango likishatoka mashineni na kutobolewa matundu ya kamba, hela hairudi, na yeye atakuonyesha meseji yako ya WhatsApp yenye hiyo 'h'.