Mlipeni sonara ujira wake

Kwenye maduka ya sonara, iwe Mombasa au Unguja, swali la kwanza la mteja ni "gramu ngapi?" Pambo linawekwa kwenye mizani, bei ya siku inatajwa, kisha mzozo unaanza: ujira upunguzwe. Bei ya dhahabu hakuna anayeigusa. Kinachokatwa ni jasho la fundi, na hilo linaniudhi.

Chukua vipuli vya kazi ya waya. Dhahabu safi haiyeyuki mpaka ifike nyuzijoto 1,064. Ikishapoa, sonara huifua juu ya fuawe, kisha huivuta kwenye chamburo, lile bamba la chuma lenye matundu, kila tundu jembamba kuliko lililotangulia. Waya ukivutwa hukakamaa. Usiporudishwa motoni hukatika. Basi huvuta, huchoma, huvuta tena, mpaka apate uzi wa kukunjia maua kwa kibano. Vile vitone vya ukingoni ni vipande vya waya vilivyopulizwa moto juu ya mkaa vikajiviringa vyenyewe. Mwisho ni kulehemu, na hapo ndipo roho hukaa juu: lihamu, ile madini ya kuungia, lazima iyeyuke kabla ya pambo. Moto ukizidi kidogo, kazi yote inakuwa donge. Fundi hana kipimajoto, anasoma rangi ya dhahabu kwa macho.

Sasa pima. Vipuli hivyo ni vyepesi kwa sababu ya ufundi wenyewe, na bangili nene ya kumiminwa itavishinda mbali. Gramu humdhulumu zaidi fundi hodari.

Najua jibu: dhahabu ni akiba, na siku ya kuuza ujira haurudi. Kweli. Hata pesa ya fundi cherehani hairudi, na hatujaacha kushona. Wengine wanaogopa kuibiwa karati, yaani kipimo cha usafi wa dhahabu. Nao wana haki, ila dawa yake ni jiwe la kusugulia dhahabu na asidi ya kupima usafi wake.

Tunachimba Geita, tangu 2021 tuna kiwanda cha kusafishia Mwanza, halafu bibi harusi anavalishwa seti ya mashine kutoka Dubai. Sonara wetu kabakishiwa kuunga mikufu iliyokatika. Kijana gani atakaa miaka kujifunza chamburo kwa malipo hayo?

Risiti iwe na mistari miwili, dhahabu na ujira. Anayetaka punguzo aanze na ule wa kwanza, tuone atajibiwa nini.