Kilomita 50 za Mikumi: tuihamishe barabara ya Tanzam au tuibakize?

Ukitoka Morogoro kwenda Iringa, ukishaipita Doma, basi hupunguza mwendo na abiria waliokuwa wamesinzia huanza kuamshana. "Twiga hao, upande wa dereva!" Mama humnyanyua mtoto hadi dirishani. Mzee aliyekuwa kimya tangu Chalinze huvua kofia ili aone vizuri. Kwa Watanzania wengi, tembo wa kwanza kumwona maishani alikuwa huyo wa Mikumi, aliyeonekana dirishani mwa basi, bila kiingilio. Dakika kumi baadaye, pembezoni mwa lami, pundamilia amelala ubavu, tumbo limevimba, na tumbusi wameshamzunguka. Nimeyaona yote mawili katika safari moja, na tangu siku hiyo mjadala wa barabara hii haujawahi kuwa mwepesi kwangu.

Mjadala wenyewe ni huu. Barabara kuu ya Tanzania na Zambia, tunayoiita Tanzam, inapita katikati ya Hifadhi ya Taifa ya Mikumi kwa takriban kilomita 50. Wapo wanaosema iondolewe humo, izungushwe, hifadhi ipumue. Wapo wanaosema barabara hiyo ni mshipa wa uchumi, usiuguse.

Kila upande hupenda kuanza na historia, na kila upande huisimulia nusu. Watetezi wa wanyama husema barabara iliivamia hifadhi. Lakini njia ya udongo kati ya Morogoro na Iringa ilikuwa inaukata uwanda wa Mkata kabla Mikumi haijatangazwa kuwa hifadhi mwaka 1964. Watetezi wa barabara nao husema barabara ilitangulia, kwa hiyo wanyama ndio waliokaribishwa. Hilo nalo halijakamilika, kwa sababu njia ya vumbi inayopitwa na magari machache kwa siku si kitu kimoja na lami inayobeba shaba ya Zambia nzima.

Kilichoigeuza njia hiyo kuwa Tanzam ni siasa ya kusini mwa Afrika. Tarehe 11 Novemba 1965, serikali ya walowezi ya Ian Smith ilijitangazia uhuru huko Rhodesia, Zimbabwe ya leo. Zambia, iliyokuwa na mwaka mmoja tu tangu ipate uhuru, ilitegemea reli za kusini, zilizopita Rhodesia, kusafirisha shaba na kuingiza mafuta. Mlango huo ulipobanwa, mapipa ya petroli yalipakiwa kwenye malori Dar es Salaam na kupelekwa kwa barabara ya matope hadi Zambia, na malori yakarudi na shaba. Madereva walikufa kwenye kona na miteremko kiasi kwamba ikaitwa njia ya jehanamu. Kisha yakaja mambo matatu kwa mfuatano: bomba la mafuta la TAZAMA mwaka 1968, kilomita 1,710 hadi Ndola, lami ya Tanzam, iliyokamilika mwanzoni mwa miaka ya 1970 kwa fedha za nje, zikiwemo za Marekani, na reli ya TAZARA, iliyojengwa kwa msaada wa China kuanzia 1970 na kuanza kazi rasmi 1976, kilomita 1,860 hadi Kapiri Mposhi.

Naomba msomaji aushike mpangilio huo. Waasisi wa nchi hizi mbili hawakukusudia barabara ibebe kila kitu. Mafuta yalipewa bomba, mzigo mzito ukapewa reli, na barabara ikabaki kwa watu na bidhaa zinazohitaji haraka. Reli ilipodhoofika, mzigo wake ulihamia barabarani. Leo malori yanashuka na shaba kutoka Zambia na kutoka Katanga ya Kongo, yanavuka Tunduma, yanapita mizani ya Mpemba, Uyole, Makambako na Wenda, yanateremka mlima Kitonga, halafu yanaingia Mikumi, mengi yao usiku. Ongeza magari ya IT, yale yanayoshushwa bandarini na kuendeshwa moja kwa moja hadi mpakani. Dereva wa IT hulipwa kwa safari, kwa hiyo akifika mapema anarudi mapema kuchukua gari jingine. Huyo hana sababu ya kupunguza mwendo kwa ajili ya swala.

Hoja ya kuihamisha barabara ina uzito. Hifadhi ina kilomita za mraba 3,230 na imepakana na Hifadhi ya Nyerere upande wa kusini, kwa hiyo tembo na nyati wanaopita pale ni wa mfumo mkubwa kuliko Mikumi yenyewe. Barabara imeukata uwanda wa Mkata, ulio ndani ya hifadhi, vipande viwili, na mnyama anayefuata maji au malisho hana budi kuvuka. Mbaya zaidi, barabara yenyewe inamwita. Maji ya mvua yanayotiririka kutoka kwenye lami huotesha majani mabichi pembezoni, na nyasi zikichomwa ili dereva aone mbali, chipukizi lake ndilo swala analolipenda. Nyani wamejifunza kukaa barabarani kusubiri maganda ya ndizi na magunzi ya mahindi kutoka madirishani. Kuna vibao, kuna matuta, kuna faini inayotajwa kwa dola kulingana na aina ya mnyama. Lakini faini humpata anayekamatwa. Semi iliyobeba tani hamsini saa nane usiku ikimgonga fungo au sungura, dereva hata hasikii, na asubuhi tumbusi wameshafuta ushahidi.

Hata hivyo, ukiwauliza wanaotaka barabara ihame, "ihamie wapi?", hapo ndipo hoja yao inapoanza kuyumba.

Njia inayotajwa mara nyingi ni ya Dumila na Kilosa: unafuata barabara ya Dodoma kutoka Morogoro, unakata kushoto Dumila, unapita Kilosa, unashuka hadi Mikumi mjini. Kwenye ramani inapendeza. Lakini Kilosa ni bonde la mafuriko. Maji ya mto Mkondoa mwanzoni mwa 2010 yaliharibu reli ya kati na kuwaacha maelfu ya watu bila makazi. Kupeleka barabara kuu ya kimataifa mle ni kujenga daraja juu ya daraja, na safari inarefuka kwa makumi ya kilomita. Juu ya hayo, kati ya Kilosa na Mikumi kuna vijiji na mashamba ambako tembo tayari wanagombana na wakulima. Tutakuwa tumemwondolea tembo lori na kumpelekea mwanakijiji.

Njia ya pili ni kwenda Iringa kupitia Dodoma na Mtera, ambayo sasa ni lami. Hiyo inaongeza zaidi ya kilomita 200 kati ya Morogoro na Iringa. Hakuna mwenye lori atakayeifuata kwa hiari. Wengine hutaja barabara ya Kidatu na Ifakara kuelekea Njombe kama mchepuko, wakisahau kwamba njia hiyo inaanzia Mikumi mjini. Ukitokea Dar es Salaam, unapofika kwenye makutano hayo umeshaimaliza hifadhi nzima.

Na kuna watu. Wauza vitunguu wa Ruaha Mbuyuni, wauza nyanya wa Ilula, mama lishe wa Mikumi mjini na Doma, wote wanaishi kwa gari linalosimama. Sisemi biashara ya mama lishe ina uzito kuliko uhai wa hifadhi. Nasema yeyote anayechora mstari mpya kwenye ramani awe tayari kuwatazama watu hao usoni. Lipo na lile dirisha la basi. Mtanzania wa kipato cha chini hana gari la kuingia hifadhini wala pesa ya kulala kambini. Tukiiondoa barabara, wanyama wa Mikumi watabaki wa mgeni na wa mwenye gari lake, na sijui tutamwombaje mtoto wa Mbarali au wa Mbozi apende kitu ambacho hatukumruhusu kukiona.

Kwa hiyo mimi nipo upande wa kuibakiza, lakini si jinsi ilivyo. Nadhani tumekuwa tukibishania mahali ilipo wakati ugomvi halisi ni saa na mzigo.

Kuhusu saa, India wana mfano. Barabara inayopita hifadhi ya Bandipur, kati ya Karnataka na Kerala, imefungwa usiku tangu 2009, kuanzia saa tatu usiku hadi saa kumi na mbili asubuhi, isipokuwa magari ya wagonjwa na mabasi machache. Watu wa upande wa Kerala wamelalamika miaka yote, na malalamiko yao ni ya haki, maana ni biashara yao inayochelewa. Kwetu malalamiko yangekuwa makali zaidi, kwa sababu nyuma ya foleni kuna bandari na nchi jirani mbili. Tena tangu mabasi yaruhusiwe kusafiri usiku mwaka 2023, barabara ina shughuli saa zote.

Lakini tuhesabu kwa utulivu. Lori la shaba linaweza kukaa siku kadhaa kwenye foleni ya Tunduma, na madereva wote wanalijua hilo. Kusubiri saa saba Mikumi, kwa mfano kuanzia saa nne usiku hadi saa kumi na moja alfajiri, hakulingani na hasara hiyo, hasa pakiwepo maegesho yenye ulinzi, choo na maji pande zote mbili. Dereva aliyelala hapo pia hataingia Kitonga akisinzia. Nyanya ya Ilula, ambayo ndiyo iliyonitia wasiwasi zaidi kwa sababu lazima ifike sokoni Dar es Salaam kabla hakujapambazuka, inaweza kupita ikiwa imeondoka kufikia saa kumi jioni. Mabasi yavuke kwa msafara, gari la askari wa hifadhi likiwa mbele.

Kuhusu mzigo, bomba la TAZAMA lilibadilishwa mwaka 2023 na sasa linasafirisha dizeli iliyosafishwa. Kila lita inayopita humo ni lita isiyopanda Kitonga kwenye lori. Kuhusu TAZARA, hati ya makubaliano ya kuifufua ilisainiwa Beijing mwaka 2024 mbele ya marais wa Tanzania, Zambia na China. Reli hiyo ilisanifiwa kubeba mzigo mzito, na sehemu ya mzigo huo ndiyo inayosaga lami ya Mikumi usiku. Wasafirishaji wa malori watapinga, na wana sababu: wamekopa benki kununua semi hizo. Wapewe muda na kazi ya masafa mafupi kutoka vituo vya reli, lakini wasipewe kura ya turufu.

Ninachokihofia kiko mbele kidogo. Kuna mpango wa barabara ya haraka kutoka Kibaha kupitia Chalinze hadi Morogoro. Ikijengwa, foleni itahama kutoka Chalinze hadi Doma, na sauti zitaanza kudai njia nne ndani ya hifadhi. Njia mbili mnyama anazivuka kwa bahati. Njia nne zenye ukuta katikati hatazivuka kabisa, isipokuwa kwa madaraja ya wanyama kama yale ya Banff nchini Kanada, ambayo kule yalikwenda pamoja na uzio wa pande zote mbili. Uzio huo ukijengwa Mikumi, yule mama aliyemnyanyua mtoto dirishani atakuwa anamwonyesha nyaya.