Kisanduku cha 24 Sikiongezi

Jumatatu nimeletewa ombi jingine: idara moja inataka kisanduku kipya cha kujaza kwenye fomu ya tiketi, yaani taarifa ya tatizo inayotumwa kwa mafundi, tena kiwe cha lazima. Vilivyopo ni 23. Nimekataa, na anayetaka kununa na anune.

Mimi ndiye msimamizi wa Jira, mfumo wa kompyuta wa kupokea na kufuatilia tiketi hizo, kazini kwetu. Wiki iliyopita niliteremka hadi lango la yadi, huko Kilindini, kwa sababu tiketi za karani wa pale zilikuja zimejaa "Nyingine" kila mahali pa kuchagua. Nilidhani hajui mfumo. Nikamkuta mama wa makamo, simu mkononi, kioo kimepasuka, jua la saa saba, malori yamepanga foleni hadi barabarani na madereva wanapiga honi. Printa ya lango imekwama. Akanionyesha fomu: kitengo, kiwango cha athari, namba ya bajeti.

"Mwanangu, namba ya bajeti mimi niitoe wapi? Mimi nataka printa."

Akaiacha fomu, akampigia fundi. Printa ikapona. Ilikuwa mara ya tatu mwezi ule, na kwenye mfumo hamna hata tiketi moja ya kuonyesha kwamba printa ile inastahili kubadilishwa.

Hapo ndipo panaponiuma. Kisanduku huombwa na mtu aliye ofisini anayetaka ripoti, lakini jasho la ripoti linamtoka yule mama. Akizidiwa anachagua "Nyingine" apate kuendelea na kazi, na ripoti yenyewe inakuwa haina maana.

Wahasibu wanaihitaji namba ya bajeti, haya, nakubali. Lakini Jira inaruhusu kisanduku kidaiwe tiketi inapofungwa, si lazima inapofunguliwa. Aliye kitini na orodha ya bajeti aijaze wakati huo. Mfumo huu ulitoka Sydney mwaka 2002, ukiwalenga waandishi wa programu waliotaka kufuatilia hitilafu zao, watu wanaoshinda mbele ya kompyuta. Karani wa lango hana hata meza.



Jana nimemwekea yule mama fomu ya visanduku vitatu: nini kimeharibika, wapi, kazi imesimama au inaendelea. Na meneja aliyeomba cha 24 nimemwandikia: twende langoni saa saba, aijaze fomu nzima kwa simu, amesimama, malori yakingoja. Namsubiri.