Wakili Akiingia Serikalini, Abaki Wakili

Jumamosi iliyopita tulikuwa Kimara, kwenye sherehe ya kijana wa jirani yetu aliyeapishwa kuwa wakili. Pilau limeliwa, keki imekatwa, ikafika zamu ya nasaha za wazee. Mzee mmoja ninayemheshimu akasimama, akamshika kijana bega, akasema: "Mwanangu, hongera. Lakini usije ukazeekea mahakamani kugombania viwanja vya watu. Jiweke karibu na wakubwa, mkeka wa uteuzi ukitoka na wewe uwemo." Vigelegele vikapigwa. Mimi makofi yalinishinda.

Maneno yale yamenikaa rohoni wiki nzima. Mzee hakuwa na nia mbaya, alimtakia mwanetu mema. Kinachoniuma ni kwamba ukumbi mzima tuliona ni sawa: sheria ni ngazi, uteuzi ndio dari. Tumesahau kwamba nchi hii imewahi kuwa na mwanasheria aliyepanda mpaka juu kabisa, na bado leo tunamkumbuka kwa karatasi aliyoiandika kuliko kwa vyeo alivyovishika.

Namsema Jaji Joseph Sinde Warioba.

Alimaliza sheria Dar es Salaam mwaka 1966, akaanza kama wakili wa serikali, kisha akawa mwanasheria wa Jiji. Mwaka 1976 akawa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, 1983 Waziri wa Sheria, na kuanzia 1985 hadi 1990 Waziri Mkuu na Makamu wa Kwanza wa Rais chini ya Mzee Mwinyi. Baadaye alikwenda Hamburg kuwa jaji wa Mahakama ya Kimataifa ya Sheria ya Bahari, akarudi kukaa kwenye Mahakama ya Afrika Mashariki. Kwa hesabu za yule mzee wa Kimara, huyu alishafika. Angeweza kukaa kimya, akala pensheni yake, akaalikwa kwenye mazishi ya kitaifa na kupewa kiti cha mbele.

Hakukaa kimya. Mwaka 1996 Rais Mkapa alimpa tume ya kuchunguza rushwa, na ile ripoti hadi leo watu wanaiita kwa jina lake. Iliwatenganisha wanaopokea kwa sababu mshahara hautoshi na wanaopokea kwa tamaa, wale wakubwa, na ikaandika hivyo bila kumung'unya maneno.

Lakini mimi nataka kukaa kwenye Katiba, maana hapo ndipo wakili alipoonekana. Katiba tunayoitumia ilipitishwa Aprili 1977. Mwanasheria Mkuu wa Serikali wakati huo alikuwa nani? Ni yeye. Miaka 35 baadaye Rais Kikwete akamkabidhi Tume ya Mabadiliko ya Katiba, na mtu yuleyule akazunguka nchi nzima na wenzake kuwauliza wananchi kasoro za Katiba iliyopatikana yeye akiwa mwanasheria namba moja wa serikali. Wangapi wana moyo huo? Wengi wetu tukikosolewa barua ya ofisini tu tunanuna mwezi mzima.

Mama yangu alikwenda kuzungumza na wajumbe wa Tume ile kijijini kwetu Kilosa, uwanja wa shule ya msingi. Alivaa kitenge chake cha kanisani. Aliposimama alisema jambo moja: mbunge awe na ukomo, kama Rais alivyo na ukomo. Karani akaandika. Mama akamsubiri amalize, kisha akamwambia, "Nisomee." Karani akamsomea, mama akaitikia kwa kichwa, akaenda kuketi.

Rasimu ya Katiba mpya ilipotoka ilisema mbunge asizidi vipindi vitatu. Ilisema wananchi waweze kumwondoa mbunge wao kabla ya uchaguzi, mawaziri wasiwe wabunge, na miiko ya uongozi iingie kwenye Katiba. Ikapendekeza serikali tatu: ya Muungano, ya Bara na ya Zanzibar. Jaji Warioba alikuwa anajua vizuri kuliko mimi na wewe kwamba sera ya CCM, chama chake, ni serikali mbili, ya Muungano na ya Zanzibar. Machi 2014 alisimama Dodoma mbele ya Bunge Maalum la Katiba, lililokaa kuijadili rasimu ile, akaeleza walichokikuta: kati ya waliozungumzia muundo wa Muungano, Bara asilimia 61 walitaka serikali tatu, na Zanzibar asilimia 60 walitaka Muungano wa mkataba. Unaweza kupinga serikali tatu. Mimi mwenyewe sijui kama zingetufaa, na gharama yake inanitia hofu. Ila ile ndiyo kazi ya wakili. Mteja anasikia kilichomo kwenye jalada hata kama hakipendi.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba si kila ukurasa wa maisha yake serikalini unasomeka vizuri. Mwaka 1983, mwaka uleule alioingia Wizara ya Sheria, nchi ilipitisha sheria ya wahujumu uchumi iliyomnyima mshtakiwa hata wakili. Mwanasheria aliyekuwa ndani ya serikali ile hawezi kusema hakuwepo. Lakini alikuwepo pia mwaka 1984, Haki za Binadamu zilipoingizwa kwenye Katiba baada ya kuachwa nje miaka yote.

Tarehe 2 Novemba 2014, akiwa na miaka 74, alikuwa Ubungo Plaza kwenye mdahalo akieleza yaliyoondolewa na Bunge Maalum kwenye rasimu. Vijana wakaanza kuzomea, viti vikarushwa. Nilikuwa nyumbani na mama, tunatazama taarifa ya habari. Mzee wa watu anazungukwa na kutolewa ukumbini, Waziri Mkuu mstaafu, kwa kosa la kusema wananchi walisema nini.

Mama hakuuliza habari za viti. Aliuliza kama ukomo wa wabunge nao umeondolewa. Nikamwambia umeondolewa. Akanyamaza, kisha akasema, "Lakini yule karani alinisomea."