Daisy Granados hakubebwa na mumewe

Ikitajwa filamu ya Retrato de Teresa, hakosekani wa kukumbusha kwamba aliyeiongoza, Pastor Vega, alikuwa mume wa Daisy Granados, mwigizaji wa Kuba aliyecheza Teresa. Maana yake haihitaji mkalimani: mwanamke alibebwa. Wengine huongeza kwamba kamera na fedha zote zilikuwa mikononi mwa ICAIC, taasisi ya filamu iliyoundwa na serikali ya Kuba mwaka 1959, kwa hiyo huyu anayeitwa sura ya sinema ya Kuba ni sura iliyoteuliwa na wakubwa.

Hoja hizo zina uzito. Penye taasisi moja ya filamu hapana mlango wa pili wa kubisha hodi. Mwigizaji akikosana na wenye taasisi, hana pengine pa kufanyia kazi ila ughaibuni. Granados alibaki, na mwaka 2007 akapewa Tuzo ya Taifa ya Sinema. Kuishi nyumba moja na mwongozaji nako ni bahati ambayo wenzake wengi hawakuwa nayo.

Ila wanaosema alibebwa huanzia hadithi katikati. Mwaka 1968 mwongozaji Tomás Gutiérrez Alea, si Vega, alimpa nafasi ya Elena katika filamu ya Memorias del subdesarrollo. Elena ni msichana anayetaka kuwa mwigizaji. Akiulizwa sababu, anasema amechoka kuwa yeye yule yule siku zote. Sergio, msomi aliyebaki Havana baada ya familia yake kukimbilia Marekani, anamvisha nguo alizoacha mkewe na kutaka kumfinyanga apendavyo. Masimulizi yote ni ya Sergio. Hata hivyo Elena wa Granados hashikiki: leo analia, kesho amerudi kama hakijatokea kitu, na yule bwana na vitabu vyake vyote hajui amsome vipi.

Kisha akaja Teresa wa Retrato de Teresa, mwaka 1979. Ni mfanyakazi wa kiwanda cha nguo, mama wa watoto watatu wa kiume, na kazini ndiye anayeongoza kikundi cha utamaduni. Kamera inamfuata alfajiri: maziwa jikoni, watoto wa kuamshwa na kuvishwa, huku mume, fundi wa televisheni, bado yuko kitandani. Wapo wanaoiita filamu hii propaganda kwa sababu Sheria ya Familia ya 1975 ilikuwa tayari imewataka wanandoa wasaidiane kazi za nyumbani na malezi, na vifungu vyake vilisomwa hadharani kwenye harusi.

Hapo ndipo nashindwa kuwaelewa. Propaganda ingemalizia kwa mume kutubu na kushika ufagio. Hapa mume huyo, Ramón, amekuwa na mwanamke mwingine, na Teresa anamuuliza: je, na mimi ningefanya hivyo? Anajibiwa kwamba si sawa. Jibu hilo linatoka kwa mfanyakazi wa kawaida, kijana wa mapinduzi yenyewe ya Kuba, miaka minne baada ya sheria kutamka kwamba ni sawa. Kwa maneno hayo machache filamu ya serikali inakiri kwamba sheria ya serikali haijavuka kizingiti cha nyumba. Kukiri huko kunapita usoni mwa Granados: macho yanatulia, mtu amekwisha kata shauri. Anaondoka, anachanganyika na watu barabarani, na mume anabaki kumkimbilia nyuma. Kuba nzima ilibishana juu ya filamu ile. Tamasha la filamu la Moscow likampa tuzo ya mwigizaji bora wa kike mwaka huohuo. Ndiyo, Moscow ilikuwa rafiki wa Havana, lakini urafiki hauwafundishi watu kugombana sebuleni kwao.

Yupo wapi basi aliyembeba mwaka 1982? Mwongozaji Humberto Solás alimchezesha Cecilia katika filamu ya jina hilo, msichana mbichi wa riwaya ya karne ya 19, naye anakaribia miaka 40. Umri haukumkaa, nakubali. Filamu ilimeza fedha nyingi za ICAIC, ikashambuliwa, na Alfredo Guevara, mwanzilishi wa taasisi, akapoteza uongozi. Lawama hazikumruka Granados.

Mwaka 1988 alirudi katika Plaff, filamu ya Juan Carlos Tabío, akiwa Concha, mjane mwenye hofu na ushirikina ambaye nyumba yake inarushiwa mayai na mtu asiyemjua. Uzuri uliomtambulisha kwa miaka 20 ameuweka kando. Yai linapasuka, plaff! Concha anageuka huku na huko kumtafuta adui. Nyuma ya kamera Vega hayupo.